Vijiti vya Ghala Namba Tatu

Kazi yangu Matrah ilikuwa kutoa vijiti.
Gunia moja likipita mlangoni, kijiti kimoja
cha kuti la mtende, urefu wa kidole cha kati,
nakitia kwenye kiganja cha hamali bila kumtazama uso,
kwa kuwa uso uko chini ya gunia.
Mikono ndiyo niliyoijua.
Wa Shambe bin Dadkarim, Mbalushi wa Jibru,
ulikuwa na kidole gumba kilichopinda nje
kama mdomo wa birika.

Alasiri wananirudishia, nahesabu,
naandika kwa Kiarabu nilichojifunzia ukubwani,
na pale kinaponipiga chenga, kwa Kiswahili cha Wete.
Mwanamke peke yangu mle ndani.
Miaka ile tulikuwa wengi
tuliorudi tusikotoka.

Ikaja meli na sanduku la mbao,
na ndani ya sanduku, njano kama bizari,
mashine yenye vidole viwili.
Bwana Lobo msimamizi aliiita foklifti.
Mahamali waliiita punda wa betri.
Iliingiza vidole chini ya ubao,
ikanyanyua magunia thelathini ya mchele
bila kusema bismillahi,
ikapita mlangoni kwangu.
Nami nilikwisha kunyoosha mkono na kijiti.
Nikabaki hivyo, mkono hewani,
kama aliyetoa salamu kwa nguo iliyoanikwa.

Shambe alifundishwa kuiendesha siku sita.
Ya saba akaja na mzigo, akasimama, akakinga kiganja.
"Thelathini," alisema.
Bwana Lobo: safari moja, kijiti kimoja.
Shambe: gunia halijui safari.
Bwana Lobo: lakini hukubeba wewe.
Shambe akashuka taratibu,
akatugeuzia mgongo, akapandisha fulana.
Palikuwa na nundu, ngumu kama goti,
pale gunia lilipokaa miaka kumi na tisa.
"Basi uulizeni huu," alisema, "nani alibeba."

Wakampa mshahara wa mwezi.
Wenzake ishirini na wawili hawakupewa kitu.
Baadhi walivuka kwenda Abudhabi,
baadhi niliwaona sokoni, kamba begani,
wakimfuata kwa macho
kila aliyenunua samaki wawili.

Ghala likaanza kukua kwenda juu.
Zamani mlundo ulikuwa kimo cha mtu
na mikono yake akiinyoosha, basi.
Sasa rafu za chuma, ngazi tano,
mchele ukalala darini pamoja na popo.
Nilihesabu mbao, si watu. Hesabu ilikuwa safi
na ilinichosha kuliko ile ya zamani.

Mwezi wa saba, joto la kuyeyusha lami, punda akafa.
Betri, walisema. Kifaa kinatoka Bombei.
Siku ya pili akaja mfanyabiashara na karatasi yake:
mchele wa ngazi ya tano, wa matanga, leo leo.
Tukaangalia juu sote.
Bwana Lobo akatwaa ngazi ya fundi wa taa,
ikafika rafu ya tatu.
Akamgeukia Shambe.
Shambe alikuwa amekaa kwenye kiti cha punda, anapuliza chai.
"Lililopanda bila mgongo," alisema,
"lishuke bila mgongo."
Akaendelea na chai.
Mfanyabiashara alitukana, akaondoka;
maiti yule sijui alisomewa kwa chakula gani.

Jioni nilimwona akishika njia ya Jibru.
Mikono mitupu. Hana hata kamba.
Na bado ameinama, kichwa mbele, hatua fupi fupi,
kiganja cha kulia kimekunjuka kando ya paja.
Ule mgongo
hakuna aliyeupelekea habari.

Kapu la vijiti nilikwenda nalo nyumbani
niliposikia litatupwa.
Nikawashia moto wa kahawa.
Vilikawia kushika.
Nadhani ni chumvi ya viganja.